Antena Iliyokataa Kufunguka

Kesi ile alipewa mpelelezi Protas Ishengoma kwa sababu moja, na hakuna ofisini aliyethubutu kuitaja. Mmoja wa washukiwa alikuwa Mkenya, mwingine Mhindi ambaye baba yake alizaliwa Kisumu. Maureen, mkuu wa usalama wa kampuni, Mwingereza mwenye adabu zake, alimwambia tu kwamba anaamini yeye "atawaelewa zaidi." Protas akaitikia kwa kichwa. Tangu ahamie London kutoka Bukoba amejifunza kwamba hapa mtu hatukanwi. Anasifiwa tu, pole pole, mpaka aumie mwenyewe.

Kilichoibwa hakikuwa hata kitu cha kushika. Kampuni ilikuwa imetengeneza Halberd, setilaiti ya mawasiliano ya jeshi, ili wanajeshi walioko baharini na jangwani wazungumze bila adui kuwasikia. Ilikuwa tayari Florida, juu ya roketi yake, ikisubiri kurushwa. Ndipo kwenye ukurasa mmoja wa mtandaoni, wa wale watu wanaopenda setilaiti kama wengine wanavyopenda mpira, mtu asiyejitaja jina akaandika mambo matatu. Kwamba siku ya kuirusha imesogezwa hadi Alhamisi. Kwamba antena yake kubwa, inayokunjwa kama mwavuli, ilikataa kufunguka kwenye jaribio la mwisho. Kwamba mkuu wa wahandisi amelazwa kwa mawe ya figo. Yote matatu yalikuwa kweli, na yote matatu yalikuwa siri. Jeshi likapiga simu kwa Maureen, Maureen akampigia Protas, na Protas hakuwa na mtu wa chini yake wa kumpigia.

Waliokuwapo siku antena ilipokataa ni watatu. Wa kwanza ni Victor, mkuu wa wahandisi mwenyewe, na huyo Protas alimtoa haraka. Victor alikuwa amelazwa kabla tarehe haijasogezwa, na mkewe alikuwa amemnyang'anya simu. Hakujua habari ya Alhamisi mpaka Protas alipokwenda kumhoji, na alipoisikia alitaka kuchomoa mipira ya dripu arudi kazini. Wakabaki Keyur, yule Mhindi, na Mwende, yule Mkenya.

Kwa Keyur mambo yalianza kunoga. Kamera ya mlango wa chumba cha kuundia setilaiti ilimwonyesha akiingia na kitu kimetuna ndani ya joho jeupe, na simu humo ndani ni marufuku, hata Waziri haachiwi. Protas akamfuata nyumbani kwao Kenton, kwenye zile nyumba zinazofanana zilizojaa wazee waliofukuzwa na Afrika Mashariki na bado wanaitamani. Baba yake Keyur alimfungulia mlango, akamkaribisha kwa Kiswahili safi cha Kisumu, akamwekea chai ya maziwa na chevda, ule mchanganyiko wa karanga na dengu. Protas hakuhitaji kuuliza swali. Picha ilikuwa ukutani, ndani ya fremu ya dhahabu, karibu na sanamu ya mungu Ganesha: Keyur kavaa joho, anatabasamu, na nyuma yake siri ya jeshi zima la Uingereza ikiwa uchi kama ilivyozaliwa.

Mzee alieleza bila kuulizwa kwamba yeye alikuwa fundi redio, na kwamba mtoto alimletea picha ile siku ya kuzaliwa kwake. Keyur alikaa pembeni, uso umemshuka. Protas akasema kwa upole kwamba ni bahati mbaya pia, wakati ambapo Victor naye ni mgonjwa.

"Nilimtumia maua," Keyur akasema. "Moyo si kitu cha kuchezea, na umri wake ule."

Protas akaacha kutafuna. Aliyevujisha alijua kwamba ni figo. Keyur alidhani ni moyo, na macho yake hayakuwa ya mtu anayeigiza. Alikuwa mpumbavu, tena mpumbavu mwenye heshima kwa babake, lakini mtu wao hakuwa yeye. Protas aliishusha picha ukutani kwa mikono yake, na mzee akamwangalia, macho yamejaa maji.

Maureen aliposikia habari ya picha alipiga hesabu zake usoni. Wiki ya kurusha walikuwa wanamhitaji Keyur, kwa hiyo atapewa onyo la maneno, yaishe. "Lakini huyo mwanamke," akasema, "sasa amebaki peke yake, au siyo?" Protas alirudi mezani kwake na hasira. Picha nzima ya setilaiti ukutani ni onyo la maneno. Haya.

Mwende Mutisya alihojiwa kwenye chumba kisicho na dirisha. Ndiye aliyeandika maagizo ya kuifungua antena kule angani, na tangu atoke chuo kikuu hajafanya kazi nyingine. Akinyang'anywa kibali cha usalama, Alhamisi hatakuwamo kwenye chumba cha kuongozea, na wala hatagusa tena kazi ya namna hiyo maisha yake yote. Alilijua hilo kabla hajakaa kwenye kiti. Walizungumza Kiingereza mpaka kinasa sauti kilipozimwa, kisha Protas akahamia Kiswahili.

"Umemwambia nani?"

"Sijaambia mtu."

"Mchumba?"

"Sina."

"Mama yako? Mnakaa nyumba moja."

"Mama anajua nafanya kazi na mambo ya simu. Hiyo ndiyo anajua tangu nianze."

"Kanisani?"

"Huko naimba. Siongei kazi."

Mwongo hujieleza. Ukimuuliza jana ulikula nini, anakuanzia kwenye shamba la mahindi. Huyu hakuongeza hata neno, na hilo ndilo lililomkera Protas, kwa sababu alimwamini, na kumwamini kulimwachia kesi isiyo na mtu. Tena kulikuwa na jambo jingine lililomwasha tangu mwanzo. Mwizi wa siri za jeshi huiba masafa ya redio, au mahali chombo kitakapokaa angani, vitu ambavyo adui atavinunua. Huyu aliiba ugonjwa wa figo. Nani anaiba figo?

Jibu alilipata kwake, akisubiri chakula. Mkewe Gaudensia ni muuguzi, na siku asizokwenda zamu hupika huku simu yake ikiongea peke yake juu ya friji. Ni kundi la maombi la kanisa lao la Hounslow, Wakenya na Watanzania mchanganyiko, na mtu mwenye shida hutuma ujumbe wa sauti. Protas huwa hasikilizi. Yeye ni Mkatoliki wa Krismasi na Pasaka. Lakini jioni ile kabichi ilichelewa kuiva, akasikia. Dada mmoja aliomba kundi limwombee kwa uvimbe wa tumbo, akataja ukubwa wake, jina la daktari na siku ya kupasuliwa. Mwingine aliombea mahojiano ya mwanawe ya uhamiaji, akataja siku, jengo na tabia ya afisa.

Protas akacheka, akamuuliza mkewe kwani Mungu hajui hayo mpaka apewe na jina la daktari.

"Yeye anajua," Gaudensia akajibu bila kugeuka. "Sisi tunaoomba ndio hatujui. Ukiomba kijumla, unajibiwa kijumla."

Cheko likamkauka Protas mdomoni. Siku, kizuizi, mgonjwa. Alhamisi, antena, Victor. Si mwizi aliyepanga vile. Ni muumini.

Akauliza, kwa sauti ya mtu asiyejali, kama kundi limewahi kuombea kitu cha kuruka angani. Gaudensia alimshangaa. Kumbe hakusikia? Chombo cha Mwende, binti wa Mama Zipporah, walikiombea wiki nzima, na siku moja walifunga hata maji. Yeye mwenyewe alifunga, Protas hakuona kwamba hajala? Akautafuta ujumbe, akaubonyeza. Ikatoka sauti ya mama wa Kikamba, nzito, iliyojaa machozi, ikimsihi Bwana aufungue ule mwavuli wa chuma kama alivyoifungua Bahari ya Shamu, ayayeyushe mawe tumboni mwa yule mkubwa wao, na Alhamisi isipite.

Protas alikaa kwenye kiti cha jikoni. Sheria za kazi zilimkataza kumwambia mkewe anachochunguza, akazifuata kama mtoto mwema. Muda wote huo anazunguka London akitafuta mwizi, na mwizi anaombewa nyumbani kwake, tena kwa njaa ya mkewe.

Kundi lile lilikuwa na watu zaidi ya mia mbili, ila mmoja wao ndiye Protas aliyemtaka. Eddie hupakia mizigo Heathrow, Jumapili hushika kamera ya kanisa, na siku zote kichwa chake kiko juu akiangalia kinachopita. Protas alimkuta amekaa kwenye kituo cha basi na koti lake la njano, akamtajia ule ukurasa. Eddie alikubali hapo hapo. Kule mtandaoni wanamdharau kwa sababu ni mbeba mizigo, akataka kwa mara moja awe wa kwanza kujua. Protas akamuuliza kama hakujua kwamba ni siri. Eddie akamkodolea macho, akamuuliza itakuwaje siri wakati kanisa zima lilifunga kwa ajili yake. Aliyafuta maandishi yale mbele ya Protas.

Ilibaki swali moja, na ndilo lenye uzito. Nani alimwambia mama?

Mama Zipporah alifanya kazi ya kutunza wazee mpaka magoti yakamkatalia. Nyumba yao Hounslow iko chini ya njia ya ndege, na watu wa pale wana desturi yao: ndege ikipita, mtu hunyamaza katikati ya sentensi, inapita, anaendelea pale pale alipoachia bila kuomba radhi. Alimkaribisha Protas kwa chai na mahamri, akamwita ndugu, akamshukuru kwa kuwa na mke mcha Mungu kama Gaudensia. Protas aliona aibu kuyala mahamri yale, akayala.

"Mama Mwende, habari za antena ulizipata kwa nani?"

"Sikuambiwa na mtu," akasema. "Nilisikia mtoto wangu akilia mbele ya Mungu."

Akaeleza huku akikunja na kukunjua kitambaa cha meza. Chumba chake na cha Mwende vinatenganishwa na ukuta wa mbao laini, ule wa kubandika. Mwende akirudi kutoka kazini hupiga magoti na kuomba kwa sauti, na akiomba hutaja kila kitu kwa jina lake. Mama ndiye aliyemfundisha, Machakos, Mwende akiwa bado mdogo: mtoto wangu, usiombe moyoni, moyoni kuna kelele nyingi. Upande wa pili wa ukuta, mama huitikia amina kwa sauti ya chini, asije akasikika.

"Siku hiyo alilia sana," akasema. "Mzazi gani atasikia hivyo anyamaze? Nikaona huu mzigo ni mkubwa, sisi wawili hatuuwezi. Nikaupeleka kwa watu wa Mungu."

Ndege ikapita. Ilipokwisha, Protas akamwona Mwende amesimama mlangoni na koti lake mkononi. Alikuwa amesikia yote. Uso wake haukuwa na hasira, na ingekuwa afadhali uwe nayo.

"Uliniuliza kama nimeambia mtu," akamwambia Protas.

"Najua."

"Sikuambia mtu."

"Najua, Mwende. Ndiyo maana niliteseka na kesi hii."

Mama akaanza kuelewa, kidogo kidogo, kama mtu anayesoma barua ya hospitali. Akauliza kama kuna shida. Protas akamwambia ukweli, kwa kuwa hakuwa na kingine cha kumpa: siri ilikuwa ya Mwende kuitunza, sauti ilikuwa ya Mwende, na sheria haiangalii aliisema kwa nani, inaangalia kama aliisema mahali pa kusikika. Atanyang'anywa kibali. Alhamisi hatakuwamo. Huenda akafikishwa mahakamani.

"Andika ni mimi," mama akasema. "Mimi ndiye nilipeleka kwa kundi. Mimi ni mzee, watanifanya nini?"

"Haitasaidia, mama."

Mama Zipporah akamtazama sana. "Kwa hivyo hii serikali inaona Mungu hana kibali?"

 Protas alimwona akilini Keyur na onyo lake la maneno, akamwona Maureen akisema "huyo mwanamke," akajiona mwenyewe, mbwa wa mwindaji, anakimbia yeye na nyama inaliwa na wengine. Uchungu ulimpanda mpaka puani. Hajawahi kuandika uongo kwenye ripoti, hata wakati alipokuwa polisi Tanzania na uongo ulikuwa unalipa. Akaamua pale pale, kikombe kikiwa mkononi.

Akamwambia mama kwamba atajaribu kulifunika, kwa sharti moja. Asipeleke tena ombi lolote linalohusu kazi ya Mwende, si kwa kundi, si kwa mchungaji, si kwa mtu yeyote. Mama Zipporah akainua mkono wa kuume, akaapa kwamba hataomba tena mbele ya watu. Mwende aliangalia sakafu. Hakushukuru, na Protas alimpenda kwa hilo.

Ripoti ilisema chanzo hakikuweza kuthibitishwa, kwamba huenda ni uvumi wa hospitali uliokutana na uvumi wa uwanja wa ndege. Maureen aliisoma Protas akiwa mbele yake. Akauliza maswali mawili ya juu juu, akasaini. Wakati Protas anatoka, akasema kwamba kurasa za mtandaoni alizoanza kuzifuatilia, ukiwamo wa kanisa la Mwende, ataendelea kuzifuatilia kwa muda. Ni mazoea tu.

Alhamisi Protas alisimama nyuma kabisa ya chumba cha kuongozea, huku London, akitazama Florida kwenye skrini. Roketi iliwaka, ikapanda, ikawa nukta. Watu walipiga makofi mapema, Mwende hakupiga. Halberd iliachana na roketi, ikafungua mabawa yake ya jua, na ikafika zamu ya antena. Mwende alituma agizo lake. Halafu pakawa kimya kirefu, cha namna ile inayomfanya mtu akumbuke dhambi zake zote. Protas alimwona midomo ikicheza bila sauti hata kidogo. Tayari alikuwa amejifunza.

"Imefunguka," Keyur akasema, na sauti yake ikapasuka.

Chumba kizima kililipuka. Mwende alifunika uso kwa viganja, mabega yakawa yanatikisika, na watu wakapanga mstari kumkumbatia, Maureen akiwa miongoni mwao. Protas alitoka nje akavuta hewa. Kwa mara ya kwanza tangu kesi ianze alijisikia mtu, akamtumia mkewe ujumbe kwamba Jumapili ataongozana naye kanisani, maana Mama Zipporah alikuwa amemwalika mwenyewe kwa simu.

Kanisa lao hukodi ukumbi wa shule. Jumapili ile ulijaa, na Protas aliwekwa mstari wa mbele, Gaudensia kulia kwake na Mwende kushoto. Mwende alikuwa na macho ya mtu aliyelala vizuri. Kwaya iliimba, mchungaji akauliza nani ana neno la shukrani, na Mama Zipporah akainuka na magoti yake mabovu, amevaa gauni jeupe, akapokea kipaza sauti.

"Bwana asifiwe."

Wakaitikia.

"Niliapa sitaomba tena mbele ya watu, na nyinyi ni mashahidi, sijaomba. Lakini sikuapa kunyamazia wema wa Bwana. Akikutendea na usishuhudie, umemwibia utukufu wake."

Damu ilimwisha Protas mwilini. Alimtafuta Eddie. Eddie alikuwa nyuma ya kamera yake, na taa nyekundu ilikuwa inawaka. Ibada ilikuwa inarushwa mbashara, kama kila Jumapili.

Mama aliendelea, na furaha ilikuwa inamwagika. Alisema mwanawe alinenewa mabaya kazini kwa sababu ya siri za jeshi. Alisema kosa lilikuwa lake yeye, mama, kwa ule ujumbe wa maombi ambao wote waliusikia. Alisema adui alishakaa mezani na kalamu, na Mungu akamwinua mtu kutoka humo humo ndani, mtu aliyejua yote, aliyeusikia ujumbe ule kwa masikio yake, na bado akakubali kuwafunika.

"Ndugu Protas, simama watu wakuone."

Protas alinyanyuka. Alinyanyuka ili amfikie, amshike mkono, amnyang'anye kile kipaza sauti hata kama ni aibu. Lakini watu waliona mtu aliyeitwa amesimama, ukumbi ukapiga vigelegele, na Eddie, mwenye machozi ya furaha, akamgeuzia kamera. Ndani ya mfuko wa koti simu yake ikaanza kutetemeka. Aliichungulia. Maureen.

Alipiga hatua mbele, mkono ukamkamata nguo kwa nyuma. Alikuwa Mwende. Macho yake yalikuwa kwa mama yake, ambaye sasa alikuwa anaimba, na kicheko kinamkatiza wimbo.

"Mwache amalize," Mwende akasema. "Mama nitamwambia niliacha kazi mwenyewe. Na wewe umwambie hivyo hivyo."